Siku 108 za Rajkumar: kwa nini jangili aliteka mwigizaji

Usiku wa Jumapili, 30 Julai 2000, kundi la watu wenye bunduki liliingia katika nyumba ya shamba kijijini Gajanur, kusini mwa India, pale jimbo la Tamil Nadu linapopakana na Karnataka. Mwenye nyumba alikuwa mzee wa miaka 71, na chakula cha usiku kilikuwa kimekwisha kuliwa. Kiongozi wa kundi hakuhitaji kujitambulisha, kwa kuwa masharubu yake yalijulikana India nzima. Alikuwa Veerappan, muuaji wa tembo na mwizi wa miti ya msandali, aliyesakwa na askari wa majimbo mawili kwa zaidi ya miaka kumi huku akihusishwa na mauaji ya watu zaidi ya mia.

Hakuvunja kabati wala kudai pesa. Alimkabidhi mke wa yule mzee, Parvathamma, kaseti moja aliyoirekodi, aifikishe kwa Waziri Kiongozi wa Karnataka, S. M. Krishna. Kisha akaingia gizani na mateka wanne: yule mzee, mkwewe Govindaraj, na wanaume wawili wa karibu na familia, Nagesh na Nagappa.

Mzee huyo ni Rajkumar. Sisi tuliokulia na picha za Kihindi tumezoea kudhani India yote ni Bombay, na ukitaja jina hilo wengi watamkumbuka Raaj Kumar wa picha za Bombay, mwenye sauti nzito. Siye. Huyu ni Rajkumar wa lugha ya Kikannada, lugha ya mamilioni ya watu ambayo kwetu wachache wameisikia hata kwa jina. Kwao hakuitwa kwa jina. Aliitwa Annavru, yaani Kaka, kwa ile heshima anayopewa mtoto wa kwanza wa nyumba aliyebeba mzigo wa wadogo zake.

Habari ilipofika Bangalore, mji mkuu wa Karnataka, mji ulifungwa. Maduka yalishusha milango, mabasi yalipigwa mawe, shule hazikufunguliwa, majumba ya sinema yalizima mashine na kazi za filamu za Kikannada zikasimama. Krishna alisafiri haraka kwenda Chennai, zamani ikiitwa Madras, kuonana na mwenzake wa Tamil Nadu, M. Karunanidhi. Serikali mbili zenye jeshi la polisi, mahakama na helikopta zilikaa kusikiliza kaseti ya mtu anayelala porini.

Kisa hiki kimeandikwa mara nyingi kama hadithi ya jangili. Nadhani hapo ndipo kinapopotoshwa. Veerappan alijua kuteka, hilo halina ubishi. Linalotaka maelezo ni thamani ya aliyetekwa. Rajkumar hakuwa waziri, mbunge, jenerali wala tajiri wa viwanda. Hakuwa na cheo chochote. Ukitaka kujua kwa nini jimbo zima lilipiga magoti kwa ajili yake, itabidi urudi nyuma kabisa, hadi kwenye jukwaa la mbao na taa za karabai.

Mtoto wa Hiranyakashipu

Alizaliwa 24 Aprili 1929 katika eneo hilohilo la Gajanur, akaitwa Muthuraju. Baba yake, Singanalluru Puttaswamayya, alikuwa mwigizaji wa jukwaani mwenye sifa za kucheza wabaya wa visasili: Ravana, Kamsa, mfalme Hiranyakashipu anayetaka kumuua mwanawe kwa kumcha Mungu. Nyumbani fedha zilikuwa haba. Mtoto aliacha shule akiwa hajamaliza hata madarasa ya msingi, akamfuata baba kwenye kundi la Gubbi Veeranna.

Kundi lile halikuwa ngoma ya mtaani. Lilianzishwa mwaka 1884 katika mji mdogo wa Gubbi, na kufikia wakati wa Veeranna lilikuwa kampuni kamili inayozunguka na mahema yake, mapazia yaliyochorwa, wapiga vinanda, wapishi na watoto wa waigizaji. Veeranna alipoigiza vita vya Kurukshetra alipandisha tembo hai jukwaani. Hapakuwa na kipaza sauti cha kumsaidia mwigizaji. Ilikuwa lazima aimbe mwenyewe, atamke kila silabi ifike kwa mkulima aliyekaa nyuma kabisa, na aendelee hivyo karibu usiku kucha. Asiyejua kuimba hakuwa mwigizaji, angebeba masanduku tu.

Kwa hiyo Muthuraju hakusoma Kikannada darasani. Alikipata kinywani, kile cha zamani cha wafalme na watakatifu, kupitia mistari ya kukariri. Mtu wa madarasa matatu manne alikuja kuzungumza lugha safi kuliko mahakimu, na waliomsikia hawakuacha kushangaa. Jukwaa lilimpa kitu ambacho baadaye kilimfanya awe mateka ghali.

Mwaka 1953 alimwoa Parvathamma. Mwaka uliofuata mwongozaji H. L. N. Simha alimchagua kuwa stelingi wa filamu ya Bedara Kannappa, akampa na jina jipya la Rajkumar. Kisa cha Kannappa kinajulikana kusini mwa India kama kwetu zinavyojulikana hadithi za Abunuwasi, ila hiki hakichekeshi. Mwindaji asiyejua sala wala taratibu za hekalu anampenda mungu Shiva kwa namna yake, anamletea nyama na kumnawisha kwa maji aliyobeba mdomoni. Siku moja jicho la sanamu linatoka damu. Mwindaji anang'oa jicho lake kwa mshale na kulibandika pale. Jicho la pili nalo linaanza kuvuja. Sasa, akitoa la pili atakuwa kipofu na hataona pa kuliweka. Basi ananyanyua mguu, anaweka kidole cha mguu juu ya jicho la mungu ili kiwe alama, ndipo anashika mshale.

Ukimcheza huyo mwindaji ukiwa na sura ya kijana mgeni asiyejulikana, na ukacheza vizuri, watu hawatakuona kama mwigizaji tena.

Jimbo na stelingi wake

Tazama tarehe. Filamu ilitoka 1954. Tarehe 1 Novemba 1956 India ilipanga upya majimbo kwa kufuata lugha, na wasemaji wa Kikannada waliokuwa wametawanyika chini ya Bombay, Hyderabad, Madras, Coorg na Mysore wakakusanywa katika jimbo moja. Walikuwa hawajuani. Mtu wa kaskazini na mtu wa Mysore walikuwa na vyakula tofauti, lafudhi tofauti, kumbukumbu za watawala tofauti. Walichokuwa nacho pamoja ni lugha, na ndani ya miaka michache wakawa na uso mmoja wa kuiangalia lugha hiyo ikitoka.

Akacheza mtakatifu Kanakadasa, akacheza Kabir, Harishchandra mfalme asiyesema uongo, Krishnadevaraya wa Vijayanagara, Pulakeshi, Mayura. Hapo mwanzo tasnia ilikuwa maskini kiasi kwamba yeye na wenzake, Narasimharaju, Balakrishna na G. V. Iyer, waliunda umoja wa wasanii na kuzunguka na michezo ya jukwaani ili kutafuta fedha. Umoja huo ndio uliotoa Ranadheera Kanteerava mwaka 1960. Yaani stelingi alirudi kwenye mbao ili sinema isife.

Alicheza filamu zaidi ya 200. Zote ni za Kikannada isipokuwa toleo la Kitelugu la ile ya Kannappa, tena mwaka uleule wa mwanzo. Soko la Kitamil lilikuwa jirani na kubwa, la Kihindi kubwa zaidi. Hakwenda. Mimi nadhani uamuzi huu mmoja una uzito kuliko tuzo zake zote, na tuzo alizipata nyingi, ikiwamo Dadasaheb Phalke ya mwaka 1995, ambayo ndiyo ya juu kabisa kwa filamu India.

Na sauti. Kwa miaka mingi nyimbo zake ziliimbwa na P. B. Srinivas, kama ilivyo desturi ya India: mmoja anaimba studio, mwingine anachezesha midomo. Mwaka 1974 Srinivas akaumwa, na wimbo wa Sampathige Saval ukawa unasubiri. Mtoto wa jukwaa akaimba mwenyewe. Kwenye picha anaonekana amekaa juu ya mgongo wa nyati wa kufugwa, fimbo mkononi, akijibu majivuno ya watu kwa wimbo. Baada ya hapo akawa anaimba nyimbo zake mwenyewe, na mwaka 1992 alipata tuzo ya taifa ya uimbaji kwa wimbo wa filamu Jeevana Chaitra. Yale mafunzo ya kufikisha silabi kwa mkulima wa nyuma yalikuwa yamelala miaka ishirini bila kupotea.

Kisha likaja suala la Gokak. Kamati chini ya mwandishi V. K. Gokak ilipendekeza Kikannada kiwe lugha ya kwanza shuleni, wakati huo wanafunzi wengi wakiweza kuchagua Kisanskriti na kukipita Kikannada pembeni. Waandishi na wasomi waliandamana, serikali ikawasikiliza kama unavyosikiliza mvua ya mbali. Mwaka 1982 walimwomba Rajkumar. Akakubali, akazunguka jimbo akihutubia, na mikutano ya mamia ikawa ya malaki. Serikali ya R. Gundu Rao ikalegea. Januari 1983 chama cha Gundu Rao kikashindwa uchaguzi, na ingawa sababu zilikuwa nyingi, hakuna aliyesahau ile misafara.

Kila mtu alingoja hatua iliyofuata. Kwa jirani Tamil Nadu, mwigizaji M. G. Ramachandran alikuwa Waziri Kiongozi tangu 1977. Andhra Pradesh, N. T. Rama Rao alichukua kiti hichohicho Januari ileile ya 1983. Rajkumar alirudi studio. Hata kabla ya hapo, mwaka 1978, wapinzani walimtaka asimame dhidi ya Indira Gandhi katika uchaguzi mdogo wa Chikmagalur, naye hakusimama.

Hapa ndipo ninapoona kiini cha kisa chote. Mwanasiasa, hata awe anapendwa vipi, ana wapinzani, na ana naibu. Akiondoka, katiba inajua nani anakaa. Rajkumar hakuwa na kiti, kwa hiyo hakuwa na mrithi wala upande uliomchukia. Mashabiki wake aliwaita abhimani devaru, mashabiki-miungu. Walimwabudu yeye, naye akawageuzia ibada. Mbunge wa chama tawala na mlinzi wa usiku wote walikuwa wadogo wa Kaka mmoja. Jangili aliyemchukua alimchukua ndugu wa kila nyumba, na kwenye nyumba hizo zimo za mawaziri na za askari.

Msitu una masharti yake

Kuna kejeli ambayo hata mwandishi wa filamu angeona aibu kuiandika. Mwaka 1973 Rajkumar alicheza Gandhada Gudi, maana yake hekalu la msandali, akiwa ofisa wa misitu anayepambana na majangili. Tasnia yenyewe ya Kikannada hutaniwa kwa jina la Sandalwood. Na kijiji alichozaliwa stelingi wa Wakannada, ramani ya 1956 ilikiacha ng'ambo, upande wa Watamil. Kila alipokwenda kupumzika kwao alivuka mpaka na kuukaribia msitu wa Veerappan. Safari ile ilikuwa ya nyumba mpya.

Veerappan kwa lugha ni Mtamil, na miaka ile alikuwa ameanza kushirikiana na vikundi vya utaifa wa Kitamil. Ndiyo maana masharti ya kaseti hayakufanana na ya mwizi. Alitaka suluhisho la maji ya mto Kaveri yanayogombewa na majimbo hayo mawili. Alitaka fidia kwa Watamil walioshambuliwa Karnataka katika ghasia za Desemba 1991, zilizowashwa na mgogoro huohuo wa maji. Alitaka Kitamil kitumike katika utawala wa Karnataka. Alitaka sanamu ya Thiruvalluvar, mshairi mkongwe wa Kitamil, iliyokuwa imefunikwa gunia Bangalore kwa miaka mingi, ifunuliwe. Na alitaka wafungwa waachiwe: 51 waliokuwa wakishikiliwa Mysore chini ya sheria ya ugaidi, na watano Tamil Nadu.

Tukubali jambo moja bila kumkwepa mzee wetu. Baadhi ya malalamiko hayo yalikuwa ya kweli. Watamil maskini waliopigwa mwaka 1991 walikuwepo. Wanakijiji walioteswa na askari wa kikosi cha kumsaka Veerappan walikuwepo, na miongoni mwa wale 51 wapo waliokaa mahabusu miaka na miaka. Upendo wa lugha uliomwinua Rajkumar, kwa watu wengine wa Bangalore ulikuwa umekwisha kugeuka rungu la kumpigia jirani. Yeye hakulishika rungu hilo, lakini lilichongwa kwenye mti mmoja na sifa yake.

Serikali zikamtuma R. R. Gopal, mhariri wa jarida la Kitamil la Nakkheeran, aliyewahi kuonana na Veerappan porini. Akaenda, akarudi, akaenda tena. Karnataka ikafuta mashtaka ya wale 51 na kujiandaa kuwatoa. Hapo akatokea mtu ambaye mimi humfikiria kuliko wote katika kisa hiki: Abdul Karim, baba wa Shakeel Ahmed, ofisa wa polisi aliyeuawa na kundi la Veerappan mwaka 1992. Alikwenda Mahakama ya Juu ya India na hoja ambayo haikuhitaji wakili kuifafanua. Mwanangu alikufa akiwatafuta watu hawa, nanyi mnawafungulia mlango kwa sababu ya mwigizaji?

Serikali zilijibu kwamba Rajkumar akidhurika, Karnataka itawaka na Watamil watachinjwa. Majaji hawakukubali. Kulinda raia wasichinjane ni kazi ya serikali, na kama ilikuwa kazi ngumu, kwa nini jangili mmoja aliachwa msituni miaka yote hiyo? Uamuzi wa Novemba 2000 ukazuia wafungwa kutoka. Baba mmoja mwenye msiba aliwashinda mawaziri viongozi wawili.

Huko porini, usiku mmoja wa mwisho wa Septemba, Nagappa alikwisha kutoroka. Wengine waliendelea kuhamahama. Wapatanishi wapya wakaingia, akiwamo mwanasiasa wa Kitamil P. Nedumaran, na 15 Novemba 2000, siku ya 108, Rajkumar akaachiwa. Wafungwa hawakutoka. Masharti makubwa hayakutimizwa. Basi Veerappan alipata nini? C. Dinakar, aliyekuwa mkuu wa polisi wa Karnataka wakati wa sakata, baadaye aliandika kitabu akidai kwamba mamilioni yalilipwa kwa siri. Serikali zilikana. Msomaji anaweza kufanya hesabu yake.

Kuna kipimo kingine, nacho hakipendezi. Agosti 2002 Veerappan aliteka tena, safari hii H. Nagappa, waziri wa zamani wa Karnataka (si yule Nagappa wa kwanza). Mji haukufungwa. Desemba maiti yake ilipatikana msituni. Yule aliyekuwa na cheo hakupata nusu ya mshindo wa yule asiyekuwa nacho.

Baada ya msitu

Veerappan aliuawa 18 Oktoba 2004, ndani ya gari la wagonjwa alilopakiwa kwa hila na polisi wa Tamil Nadu.

Rajkumar alifariki nyumbani kwake Bangalore 12 Aprili 2006, moyo ukisimama. Hakukuwa na maandalizi, na umati uliotaka kumwona ulivuka kila kamba. Magari yalichomwa, polisi walipiga risasi, na watu wanane walikufa, mmoja wao askari aliyeuawa na umati. Wadogo wa Kaka walikuwa wanapigana juu ya jeneza. Alizikwa kwenye studio ya Kanteerava, jina lilelile la mfalme aliyemwigiza mwaka 1960 kuinusuru tasnia. Macho yake hayakuzikwa. Alikuwa ameahidi kuyatoa, na madaktari waliyachukua siku ileile aliyofariki, zamu hii bila mshale. Parvathamma alifanya hivyo alipofariki Mei 2017, na mtoto wao wa mwisho, Puneeth, naye stelingi, alipofariki ghafla akiwa na miaka 46 mwaka 2021.

Sanamu ya Thiruvalluvar ilivuliwa gunia Agosti 2009, kando ya ziwa la Ulsoor. Aliyevuta pazia ni Karunanidhi mwenyewe, na siku chache baadaye Chennai nao wakafunua sanamu ya Sarvajna, mshairi wa Kikannada. Sharti moja la kaseti likatimia hivyo, kwa chai na hotuba.

Kesi ya utekaji ilikokota miaka. Washtakiwa kadhaa walikufa njiani, Veerappan akiwa wa kwanza kwenye orodha. Septemba 2018 mahakama ya Gobichettipalayam, Tamil Nadu, iliwaachia huru tisa waliobaki kwa kukosa ushahidi. Miaka 18 baada ya usiku ule wa Gajanur, kwa kosa lililosimamisha jimbo zima, hakuna hata mtu mmoja aliyetiwa hatiani.